Je, ni sheria iliyotenganisha teatri na meza za bia huko Uingereza?

Mwongozaji, Katuba (Lubumbashi)

Ndugu wasomaji, salamu. Ninaongoza kikundi kidogo cha maigizo hapa Katuba, na mwenye nganda (baa) mmoja ametualika tucheze kwake kila Jumamosi jioni bila kiingilio, watazamaji wakiwa kwenye meza zao na chupa zao, nasi tulipwe kutokana na mauzo ya vinywaji. Baadhi ya waigizaji wangu wamekataa katakata. Wanasema teatri ya kweli haichezwi mahali pa kunywea, na wananitolea mfano wa Waingereza, ambao eti hukaa kimya gizani mpaka pazia lifungwe. Lakini nimesikia pia kwamba London hiyohiyo ilikuwa na kumbi za muziki ambamo watu walikula, walikunywa na kuitikia nyimbo huku wachekeshaji wakipokezana jukwaani. Je, waliotenganisha teatri na kinywaji ni watazamaji wenyewe, au ni amri ya serikali?

Mwalimu wa historia, Bukavu

Papa Mwongozaji, kwa sehemu kubwa ni amri ya serikali. Mwaka 1737 Robert Walpole, aliyekuwa akiongoza serikali na aliyechoshwa na dhihaka za mwandishi wa tamthilia Henry Fielding na wenzake jukwaani, alipitisha sheria iliyotaka kila mchezo mpya upelekwe kwa Lord Chamberlain, afisa mkuu wa nyumba ya mfalme, siku 14 kabla ya kuonyeshwa. Sheria hiyo iliimarisha pia ukiritimba wa Drury Lane na Covent Garden, teatri mbili za London zenye hati ya kifalme, ambazo kwa kawaida ndizo pekee zilizoruhusiwa kucheza tamthilia ya kusemwa tu, bila muziki. Wengine wote walilazimika kutia muziki, ngoma au sarakasi ndani ya hadithi zao ili wasishtakiwe, hata meneja wa teatri Robert Elliston akafikia kucheza Macbeth ya Shakespeare mwaka 1809 kwa muziki na ishara.

Ukiritimba huo ulivunjwa mwaka 1843, ila kwa sharti linalokuhusu wewe moja kwa moja: nyumba yenye leseni ya kucheza tamthilia haikuruhusiwa kuuza vinywaji ndani ya ukumbi wa watazamaji, na nyumba iliyotaka kuendelea kuuza bia mezani ilipaswa kuachana na tamthilia na kubaki na nyimbo na vichekesho. Wenye vilabu wakalazimika kuchagua. Britannia ya Hoxton ilichagua tamthilia. Wengine walichagua bia, na hao ndio wazazi wa kumbi za muziki ulizozisikia.

Kuhusu ukimya, waambie waigizaji wako kwamba Covent Garden ilipofunguliwa tena mwaka 1809 baada ya kuungua na kupandisha bei, watazamaji walipiga kelele, kengele na vyungu usiku baada ya usiku kwa zaidi ya miezi miwili, mpaka meneja John Kemble akasalimu amri.

Mama wa Kamalondo

Mwalimu amesema vema. Mimi nitaongeza jinsi biashara yenyewe ilivyoendeshwa, kwa sababu naona ndilo jambo linalomsumbua Papa. Charles Morton alipofungua Canterbury Hall huko Lambeth mwaka 1852, kiingilio chake mwanzoni kilikuwa tikiti ya kinywaji: ulilipa mlangoni, kisha tikiti hiyohiyo ukaikabidhi upewe cha kunywa. Mwenyekiti wa ukumbi aliketi mbele akiwa na nyundo ndogo ya mbao, akiigonga mezani kumtambulisha msanii anayefuata na kuwatuliza waliolewa. Msanii mashuhuri hakukaa mahali pamoja usiku kucha: aliimba nyimbo zake, akatoka kwa mlango wa nyuma, akapanda gari la farasi kukimbilia ukumbi wa pili, na pengine wa tatu na wa nne.

Nyimbo hizo hazikupitia mikononi mwa Lord Chamberlain, kwa kuwa yeye alisoma tamthilia tu. Marie Lloyd, mwimbaji wa kumbi hizo, aliujua upenyo huo vizuri, kwani mashairi yake yakisomwa kwenye karatasi hayana kosa, ila akikonyeza jicho katikati ya mstari ukumbi mzima ulielewa jambo jingine. Mwaka 1912 mfalme alipoandaliwa onyesho rasmi la wasanii wa kumbi hizo katika Palace Theatre, Marie Lloyd, nyota wao mkubwa, hakualikwa. Kwangu mimi hiyo ilikuwa aibu ya waandaaji.

Mwigizaji wa zamani, Ruashi

Naomba niguse hilo la karatasi. Sisi wa Lubumbashi tumekulia katika michezo ya kundi la Mufwankolo, ambalo lilikubaliana mwendo wa hadithi kisha maneno yakazaliwa jukwaani, kwa Kiswahili chetu. Huko Uingereza namna hiyo ya kucheza ilikuwa kosa la jinai, maana kilichoruhusiwa kutamkwa ni kile tu kilichosomwa na kupigwa muhuri. Mwaka 1958 kundi la Joan Littlewood, lililokuwa na makao Stratford, mashariki ya London, lilishtakiwa na kutozwa faini kwa sababu waigizaji waliongeza maneno yasiyokuwamo katika nakala iliyoidhinishwa. Udhibiti huo ulifutwa mwaka 1968 tu.

Mwongozaji, Katuba (Lubumbashi)

Nawashukuru sana, wakubwa zangu. Nitawasomea waigizaji majibu haya. Mama, malipo ya kutegemea mauzo ya bia yananitia wasiwasi: wasanii wa kumbi hizo walilindwaje?

Mama wa Kamalondo

Hawakulindwa, Papa, mpaka walipogoma. Wenye kumbi walikuwa wakiongeza maonyesho ya mchana bila kuongeza malipo, na mikataba ilimkataza msanii kuonekana katika ukumbi mwingine wa jirani. Januari 1907 mgomo ulianza Holborn Empire na kuenea katika kumbi nyingine za London. Marie Lloyd, ambaye mwenyewe hakuwa na shida ya fedha, alisimama pamoja na wadogo. Msuluhishi George Askwith aliwapatia sehemu kubwa ya walichodai. Kwa hiyo mwombe mwenye nganda aandike mambo mawili: kiasi cha chini atakachowalipa hata usiku wa mvua, na kwamba mko huru kucheza katika mitaa mingine ya Lubumbashi, kama Kenya au Kamalondo, siku nyingine.