Kachumbari ya kabichi ya siki: naweza kuiandaa siku mbili kabla?

Pasua_Moshi
Habari wakuu. Jumapili kuna kipaimara, wageni kama 50, nyama choma na ndizi. Nataka kachumbari ya kabichi iwe tayari Ijumaa jioni ili Jumapili nibaki na moto tu. Shida ni kwamba ikilala, asubuhi bakuli limejaa maji na siki haisikiki. Nipeni vipimo vya kabichi kilo 5, na nini kisiingie mapema.

JikoSakina
Siku mbili ni sawa kabisa, tena ikilala ndiyo inakolea. Hayo maji ni ya kabichi yenyewe. Zaidi ya asilimia 90 ya kabichi ni maji, na chumvi na sukari huyavuta nje. Basi yatoe kabla hujatia siki.

Ondoa kile kigumu cha katikati, kata nyembamba. Kila kilo itie kijiko kimoja cha chakula cha chumvi laini, kilichosawazishwa. Fikicha, acha kwenye chujio muda wa saa moja hadi mbili, halafu kamua konzi kwa konzi. Usisuuze, na kwenye siki usitie chumvi tena.

Siki nyeupe vikombe 3, sukari gramu 300, pilipili manga kijiko cha chai. Pasha mpaka sukari iyeyuke, epua, tia nusu kikombe cha mafuta ya alizeti. Ikipoa kabisa, changanya na kabichi, karoti kilo moja iliyoparuzwa, hoho 4 na vitunguu nusu kilo. Vitunguu vyekundu vitatoa rangi ya waridi kidogo, hakuna ubaya.

Mama_Ngaramtoni
Si lazima ipoe. Ukiimwagia ya moto, kabichi inalainika na kunywa siki haraka, na hapo huhitaji kukamua.

JikoSakina
Kweli, ila chagua njia moja. Ukikamua kwa chumvi halafu ukamwagia ya moto, inalegea na ule mlio wa kutafuna unapotea. Na kwa njia ya moto maji bado yatatoka usiku, kwa hiyo ya kulala siku mbili mimi nabaki na kukamua.

Chujio
Nyongeza. Soma lebo ya siki, iwe asilimia 5, na usiizimue kwa maji. Usichanganyie wala kuhifadhi kwenye sufuria ya alumini, siki huila na chakula kinapata ladha ya chuma. Tumia stili, kioo au ndoo ya plastiki ya chakula.

Nyanya, tango, parachichi na giligilani ni vya Jumapili. Nyanya hasa, maana inarudisha yale maji uliyohangaika kuyatoa.

Sokoni Mbuyuni chagua kabichi nzito, iliyofunga, isiyobonyea. Iliyolegea unalipia majani mabichi ya juu ambayo utayatupa.

Pasua_Moshi
Shukrani sana. Friji yangu ni ndogo, ndoo kubwa haiingii. Siwezi kuiacha nje usiku, maana kuna siki?

Chujio
Hapana mkuu. Hiyo si achari. Siki ikishachanganyika na kilo zote hizo za mboga, ukali wake unashuka sana, na joto la Moshi unalijua. Ikae kwenye friji, nyuzi 4 au chini.

Gawa kwenye vyombo viwili au vitatu vya lita 3 na ushindilie, ikishakamuliwa inapungua sana. Kama bado haviingii, weka kabichi iliyokamuliwa tu. Karoti, hoho na vitunguu vikate Jumapili asubuhi.

JikoSakina
Na bakiza kikombe kimoja cha hiyo siki pembeni, usimwage yote Ijumaa. Jumapili, nusu saa kabla ya kupakua, mwaga maji yaliyotuama chini, onja, halafu ongeza hicho kidogo kidogo mpaka ukali urudi. Ukishaitoa kwenye friji isikae mezani zaidi ya saa mbili. Toa chombo kimoja kimoja.

Pasua_Moshi
Sawa, Ijumaa nakamua.