Mrejesho: Nyumba yenye fremu yangu iliuzwa, mkataba ukiwa haujaisha

Wakubwa shikamooni, wengine habari zenu. Mimi ni yule fundi cherehani wa Ngamiani, Tanga. Niliuliza nifanyeje: mwenye nyumba kauza, kodi nimelipa ya mwaka, imebaki miezi saba, na mnunuzi ananipa siku 14 nitoke.

Asanteni sana, hasa uliyesema "usihamishe hata sindano, huyo kanunua nyumba na mpangaji ndani". Sikutoka. Nilimpelekea mnunuzi barua na nakala ya mkataba, na alipoona umelipiwa ushuru wa stempu (ile kodi ya serikali inayofanya mkataba ukubalike mahakamani), akapoa. Tukamalizana mbele ya wakili: nikae miezi minne, ile mitatu anirudishie kodi. Kalipa yote.

Kwa mwenye nyumba wa zamani nimevuna nusu. Nilidai fidia kwa kifungu cha 73 cha Sheria ya Mikataba, maana kabla ya kuuza alinikatia umeme siku tisa kuelekea Idi ili nichoke mwenyewe. Jenereta niliyokodi nilikuwa na risiti, akalipa. Faida niliyopoteza sikuipata ng'o; sina daftari la mauzo, na wakili alisema tukienda kwa maneno matupu tutaaibika. Nimenunua daftari sasa, la kurasa 200.

Shelfu nilizojengea ukutani zimebaki kwa mnunuzi. Mkataba haukuzitaja, nami nilichoka kubishana. Zile mbao za mninga bado zinaniuma kila nikipita pale.