Gereji imekula seti yangu ya taimingi cheni: imefungwa cheni mpya tu, tensheni na reli ni vile vile vya zamani

Wakuu, naandika uzi huu nikiwa na hasira na sioni sababu ya kuificha. Nilinunua seti nzima ya taimingi cheni, ile cheni ya ndani ya injini inayofanya valvu zifunguke kwa kufuata pistoni, kwa hela yangu, nikaipeleka gereji mwenyewe, nikalipa ufundi wote bila kubakiza deni. Kilichoingia kwenye injini ni cheni peke yake. Tensheni mpya inayokaza cheni, reli mbili za plastiki zinazoiongoza na gia ya kranki (shafti kuu inayozungushwa na pistoni) vimeyeyukia humo humo gereji, vile vya zamani vikarudishwa ndani, kova ya mbele ya injini ikafungwa, nikaambiwa: "Dada, gari yako imepona, kanyaga tu."

Huo ni wizi. Wapo wanaouita uzembe, wapo wanaosema ndiyo Bongo ilivyo, tuzoee. Mimi nauita wizi, tena wizi unaofanyika mahali ambapo mwenye mali hawezi kuchungulia.

Gari ni Probox, injini 1NZ-FE, ile ile ya cc 1500 iliyomo kwenye IST, Raum, Sienta na Fielder nyingi mnazoendesha, kwa hiyo msiusome uzi huu kama habari ya mtu mmoja. Kazi yake ni kubeba trei za mayai kutoka Kibaha mpaka Kariakoo. Ikilala gereji, biashara imelala, na wateja wanahamia kwa mwingine asubuhi ile ile.

Dalili zilikuwa wazi. Alfajiri ukiwasha, upande wa puli unasikia chuma kinalia kama misumari ndani ya mkebe, sekunde mbili tatu, halafu kimya. Hizo sekunde ni muda ambao tensheni inasubiri presha ya oili ipande ndipo ikaze cheni. Cheni ikiwa imerefuka au tensheni imechoka, inapigapiga mpaka oili ifike. Baadaye mlio ukawa haupotei hata injini ikishapata moto, gari ikawa nzito kupanda na mzigo, taa ya injini ikawaka. Kupima kwa mashine, ikasoma P0016, yaani sensa ya kranki na ya kamshafti (shafti inayofungua valvu) hazisomani. Cheni haivutiki kama mpira. Kinacholika ni pini na bushi za kila kiungo, kidogo kidogo, na ukijumlisha viungo vyote cheni nzima inakuwa ndefu, kamshafti inachelewa nyuma ya kranki, na kompyuta inaliona hilo. Haina ratiba ya kilomita kama mkanda wa taimingi, inabadilishwa ikichoka, na yangu ilikuwa imechoka. Hapo sikubishana na fundi.

Tulikubaliana mbele ya vijana wake kwamba tunabadilisha kila kinachogusana na cheni: cheni yenyewe, tensheni, reli inayokaa na ile inayosukumwa na tensheni, gia ya kranki, pamoja na sili ya mbele inayozuia oili isivuje. Gia ya kamshafti yenye VVT (mfumo wa kubadilisha muda wa valvu kufunguka) bei yake ni nyingine, tukasema itaangaliwa meno, yakiwa mazima ibaki. Seti nilinunua Gerezani kwa 290,000, nikapewa risiti ya EFD. Ufundi 150,000. Oili na filta juu yangu. Kabla ya kuondoka dukani nilipanga kila kitu juu ya boneti nikapiga picha: tensheni ina pini yake ndogo inayozuia fimbo isitoke, reli nyeusi hazina hata mkwaruzo. Picha hizo ninazo mpaka leo.

Najua wapo watakaokuja kuandika "ungesimama hapo hapo fundi akifanya kazi". Nilisimama. Nilikuwepo wakiweka jeki chini ya sampu (bakuli la oili chini ya injini) na kufungua mauntini ya kulia inayoshikilia injini. Nilikuwepo tapeti kova, kile kifuniko cha juu ya injini, inatoka, nikaona puli ya kranki inavyowasumbua mpaka wakatafuta bomba refu la kuongezea spana. Kova ya mbele ilipoachia nikaiona cheni ya zamani kwa macho yangu, imelegea kiasi kwamba ukiishika katikati ya gia mbili inacheza. Ndipo nikaambiwa sili niliyoleta si saizi, niifuate nyingine, kijana wa bodaboda yupo tayari pale nje. Niliporudi, kova imekaa, silikoni (ile gundi ya kuziba oili) imefura pembeni, na wanafuta mikono. Nikauliza vya zamani viko wapi. "Vimeshabebwa na watu wa vyuma chakavu, dada."

Na ile sili niliyotumwa? Ya kwanza ilikuwa saizi sahihi. Nimekuja kulijua hilo baadaye, alipoilinganisha fundi mwingine.

Gari ilitulia wiki chache. Kisha mlio ule ule ukarudi, ukaja na mwenzake: oili inadondoka pale kova inapokutana na sampu, na taa nyekundu ya oili inapepesa kwenye foleni ya Kimara injini ikiwa sailensi, yaani imewaka bila kukanyaga mafuta. Hiyo si taa ya kusema nitafika. Nilizima hapo hapo, gari ikavutwa, na mayai yakahamishiwa kwenye bajaji tatu.

Safari hii nilipeleka kwa binti mmoja aliyesomea ufundi magari VETA. Kabla hajashika spana alichukua simu akaanza kurekodi, na trei la kuwekea vitu akaliweka mbele yangu. Kwanza akashusha sampu. Kwenye wavu wa pampu ya oili kulikuwa na nyuzi za silikoni za kijivu, laini, zimejisokota na kuziba karibu nusu. Silikoni ya kova inatakiwa uzi mwembamba tu, kwenye chuma kilichosafishwa kikakauka. Ukiijaza, ile inayobanwa kwa ndani inakatika, inaelea kwenye oili na kuishia kwenye wavu. Pampu ikikosa oili, presha inashuka. Presha ikishuka, tensheni nayo inalegea, maana nguvu yake inatoka huko huko. Kwa maneno mengine, walirudisha tensheni iliyochoka, halafu wakainyima na oili.

Kova ikatoka. Boliti mbili hazikuwepo kabisa, matundu yamejaa silikoni.

Cheni ni mpya, hilo sikatai, viungo vyake vyenye rangi vya kupangia taimingi bado vinaonekana. Lakini imekaa juu ya nini? Reli zina mifereji miwili iliyochimbwa na cheni ya zamani, kucha ya kidole gumba inazama ndani yake, na ile inayosukumwa na tensheni imeanza kumeguka ncha ya chini. Kipande chake tulikikuta kwenye sampu. Tensheni imebadilika rangi kuwa kahawia ya oili iliyoungua. Fimbo yake ukiibonyeza kwa kidole inarudi ndani bila kubisha, kizuizi cha meno kimelika. Gia ya kranki meno yamechongoka upande mmoja. Hivi ndivyo vitu nilivyolipia vitolewe.

Sasa nawauliza mafundi mliomo humu, mnijibu kwa ufundi na si kwa undugu: cheni mpya juu ya gia iliyolika inadumu vipi? Meno yaliyochongoka hayakamati kiungo kipya sawasawa, mzigo unaangukia sehemu moja, cheni mpya inaanza kulika siku ya kwanza. Reli yenye mifereji haiiongozi cheni, inaiachia iyumbe. Na tensheni isiyoshika ikiiachia cheni ikaruka meno, kwenye injini hii valvu na pistoni zinakutana. Hapo si suala la cheni tena. Unafungua silinda hedi, unabadilisha valvu zilizopinda, na ukiwa na bahati mbaya pistoni nayo imetoboka. Na haichagui mahali. Inaweza kuzima usiku Barabara ya Morogoro, nyuma yako kuna lori la tani 30 na mbele yako basi la mkoani.

Mtu ameniweka kwenye hatari hiyo kwa ajili ya tensheni na vipande viwili vya plastiki.

Nilirudi gereji ile ya kwanza na trei lenye vile vitu vya zamani. Majibu ya fundi yalinichoma kuliko hela yenyewe. Kwanza: "Si ulitaka cheni? Cheni si mpya hiyo?" Nikatoa picha za boneti. Akabadilisha: "Dada, wewe hujui mambo ya injini, hivyo vingine tulivikagua vilikuwa vizima, tukakuonea huruma tusiviharibu." Sawa, kama vya zamani vilikuwa vizima, vipya vyangu viko wapi? Vilikuwa ndani ya boksi, boksi lilikuwa juu ya meza yako. Akanyamaza. Vijana wake wakaangalia chini. Mwisho akasema tuyamalize kiutu uzima, atanibadilishia oili bure.

Oili ya injini hii ni lita 3.7 pamoja na filta. Hiyo ndiyo aliyodhani inafunga mdomo wangu.

Na hili la "dada, hujui magari" nalisema wazi kwa sababu najua wanawake wengine humu wameambiwa. Nimeendesha Probox hii kwenye vumbi na mvua, oili inabadilishwa kwa wakati na naandika kilomita kwenye daftari. Hata kama nisingejua tofauti ya tensheni na plagi, mali niliyoikabidhi ni mali yangu. Kutokujua kwa mteja hakumpi fundi ruhusa ya kugawana vitu vyake.

Kuna ushauri ambao nimeshapewa na naukataa mapema. Wa kwanza, "nunua injini ya mkono wa pili, achana na cheni". Hiyo injini ya mkono wa pili nayo ina cheni, reli na tensheni ambavyo hakuna anayejua vimetembea kiasi gani, na atakayeifunga ni fundi yule yule. Wa pili, "nenda kwa wakala mkubwa". Mwenye uwezo aende. Sisi wenye Probox na IST za biashara tunaishi na gereji za mtaani, na gereji za mtaani zina mafundi hodari sana. Huyo binti ni wa mtaani. Kwa kweli hao ndio wanaonifanya nipige kelele, kwa sababu yeye alinitajia bei kamili na vitu vyote, nami nikakumbuka ni watu wangapi watamkimbia wakaangukia kwa mtu wa bei ya chini anayejilipa kwa kuiba spea.

Ninachotaka kiwe kawaida ni kidogo sana. Vya zamani virudi kwa mwenye gari ndani ya boksi la vile vipya, hata kama ataenda kuvitupa. Vyuma chakavu ni vya mteja, kama kuna wa kuviuza kwa kilo ni yeye. Kova haifungwi kabla mwenye gari hajapiga picha cheni ikiwa imekaa, alama za gia zikiwa zinaonekana, tensheni na reli zikiwa zinaonekana. Hayupo? Atumiwe WhatsApp, ni dakika moja. Na ile karatasi ya gereji isiandikwe "vifaa vya taimingi" kwa mkupuo. Iandikwe tensheni moja, reli mbili, gia moja. Fundi mwaminifu hana cha kupoteza hapo. Anayekuja juu ukimwomba picha, chukua gari yako ikiwa bado inatembea.

Upande wangu nimeshaamua. Sitaki oili ya bure. Nadai thamani ya vitu vilivyopotea, ufundi wote niliolipa, gharama ya kuvuta gari na ya kazi ya pili. Nina risiti ya duka, picha za boneti, ujumbe wa simu wa makubaliano, video ya injini ikifunguliwa, na vitu vya zamani vyote ndani ya mfuko, vikiwa na oili yake. Gereji siitaji jina hapa kwa sababu nataka ijibu kwenye meza, isije kuniambia nimeichafua kabla haijasikilizwa. Naanzia serikali ya mtaa ilipo gereji, barua ipo tayari. FCC, yaani Tume ya Ushindani, nao wana kazi ya kumlinda mlaji chini ya Sheria ya Ushindani ya 2003, nitapeleka nakala.

Ninachoomba kwenu ni uzoefu wa kweli. Aliyewahi kuidai gereji hadi akalipwa, aeleze alianzia wapi: mtaa, polisi au Mahakama ya Mwanzo? Na je, fundi aliyefungua injini mara ya pili mlimwita kama shahidi, au mliambiwa alete maandishi? Binti amekubali kuja, lakini nataka nijue cha kumwandaa nacho kabla ya Jumatatu. Na kama kuna mwenye gari ya 1NZ aliyefungiwa cheni karibuni kwenye gereji ya Barabara ya Morogoro akaambiwa "vya zamani vimebebwa na watu wa vyuma chakavu", anitafute inbox. Wewe pia kafungue kova uangalie.