Maana za majina ya ubatizo kwa Osbern Bokenham: zinafaa kuwekwa kwenye kijitabu?

Kapu_la_Majina

Wakuu, salaam. Kuna kijitabu cha majina ya ubatizo kinaandaliwa kwa ajili ya wazazi na wasimamizi: jina, maana yake, na sikukuu ya somo, yaani mtakatifu mwenye jina hilo. Kwa masomo wa kike kazi imeanzia kwa Osbern Bokenham, yule mtawa mshairi wa Uingereza wa karne ya 15, pamoja na Legenda Aurea ya Jacobus de Voragine, mkusanyo wa Kilatini wa maisha ya watakatifu wa karne ya 13, aliyoitegemea. Shida ni kwamba maana za huko hazipatani na kamusi. Sesilia ni "nyinyoro ya mbinguni", kamusi inasema "kipofu". Elizabeti ana maana tatu. Katarina ndiyo kabisa: "maangamizi ya wote"! Mzazi gani atakubali? Tumfuate nani, na huyu Bokenham ni wa kuaminika au alikuwa anasaka vina tu?

Mwanachuo_Mkongwe

Tuanze na mtu mwenyewe. Bokenham alikuwa Mwagostino, wale watawa walioishi kwa sadaka, wa nyumba ya Clare huko Suffolk, ambayo ndiyo nyumba ya kwanza ya shirika hilo Uingereza (1248). Alikuwa na udaktari wa teolojia, kwa hiyo Kilatini hakikumpiga chenga. Kati ya 1443 na 1447 alitunga kwa Kiingereza maisha ya watakatifu wa kike kumi na watatu, ukiwahesabu Ursula na wenzake 11,000 kama mmoja. Nakala iliyobaki iko maktaba ya British Library, London, kwa namba Arundel 327. Mwishoni imeandikwa kwamba ilinakiliwa Cambridge mwaka 1447 kwa gharama ya shilingi 30, iliyolipwa na mtawa mwenzake Thomas Burgh, akawapa masista ili wamkumbuke yeye na dada yake Beatrice.

Sasa angalia nani aliandikiwa nini, maana hapo ndipo majina yanapoingia. Maisha ya Elizabeti yaliandikwa kwa ajili ya Elizabeth de Vere, mke wa mwinyi wa Oxford. Ya Agata ni ya Agatha Flegge. Ya Katarina yanawataja Katherine wawili, Howard na Denston. Huyo Denston akapata na maisha ya Mtakatifu Ana, kwa kuwa alikuwa na binti aitwaye Anne. Ni uhusiano wa somo kwa somo, kama tunavyoujua sisi. Ila usiufanye kanuni: Isabel Bourchier aliomba Maria Magdalena, na Isabel Hunt alipewa Dorotea.

Kuhusu vina: maana za majina hakuzibuni yeye. Zinatoka kwenye Legenda, na Legenda nayo ilizichota kwa waliotangulia. Kwa hiyo swali lako ni la Jacobus zaidi kuliko la Bokenham.

Mzizi_na_Tawi

Watu wa zama zile hawakuuliza "neno hili limetoka lugha gani na sauti zake zilibadilikaje". Waliuliza "jina hili linasema nini juu ya aliyelibeba". Isidoro wa Sevilla, aliyefariki 636, ndiye aliyewafundisha wengi kwamba ukijua asili ya neno umejua tabia ya kitu. Basi mhubiri alilikata jina vipande, kila kipande akakipa neno la Kilatini au Kigiriki, na kila neno likawa pointi ya mahubiri. Jina moja kuwa na maana tano haikuwa aibu; zilikuwa pointi tano.

Kosa liko kwenye kisu. Chukua Katarina: *catha*, "yote", ni la Kigiriki, *ruina*, "maangamizi", ni la Kilatini. Jina la mwanamke wa Aleksandria haliwezi kuwa nusu lugha hii na nusu ile. (Na maelezo ya Legenda si mabaya hata kidogo: ni jengo lote la shetani lililobomoka ndani yake. Ukiandika "maangamizi ya wote" bila sentensi hiyo, umeharibu.) Agata naye wamemkata *agios* na *theos*, "mtakatifu wa Mungu", wakati Kigiriki kina neno zima, *agathe*, yaani "mwema", ambalo halihitaji kukatwa wala kudondoshwa herufi.

Elizabeti ndiye mtamu. Legenda inasema: "Mungu wangu amejua", "wa saba wa Mungu wangu", na "shibe ya Mungu wangu". Mbili za mwisho zinatoka kwa Yeronimo, yule mfasiri wa Biblia kwa Kilatini, ambaye katika orodha yake ya majina ya Kiebrania aliweka na ya tatu, "kiapo cha Mungu wangu". Hakuwa anabahatisha. Jina ni Elisheba, kama mke wa Haruni kwenye Kutoka 6:23. *Eli* ni "Mungu wangu". Herufi tatu zinazobaki zinaweza kusomeka saba, kiapo, au shibe, kwa sababu maandishi ya zamani ya Kiebrania yana herufi moja tu ya *sh* na *s*, na nukta za kuzitenganisha zilikuja baadaye sana. Msomaji wa Kiswahili hahitaji hata kamusi hapa: saba na shiba zetu zimetoka Kiarabu, nduguye Kiebrania, na mizizi ni ileile. Sauti tu zimebadilishana viti: kwa Waebrania saba ndiyo yenye *sh*, na shibe ndiyo yenye *s*. Kuhusu saba na kiapo kukaa pamoja, soma Mwanzo 21, wana-kondoo saba wa Beer-sheba.

Kwa hiyo andika "Mungu wangu ni kiapo". Ile "amejua" iache, haina mzizi humo.

Kapu_la_Majina

Nimekupata, Mzizi. Ila nikifuta za Legenda zote, picha zitakosa maelezo. Anyesi anachorwa na mwanakondoo kila mahali. Na Sesilia niandike "kipofu" kweli?

Mzizi_na_Tawi

Usifute. Gawa kila jina mistari miwili: "Asili" na "Mapokeo". Usizichanganye kwenye sentensi moja, maana msomaji atachukua ile tamu na kuiita asili.

Anyesi, asili: Kigiriki *hagne*, "safi". Mapokeo: Kilatini *agna*, mwanakondoo jike, kwa kufanana sauti, ndiyo maana ya picha. Haki itendeke, Legenda inataja na hilo la Kigiriki. Sesilia, asili: jina la ukoo wa Kirumi, Caecilius, linalohusishwa na *caecus*, kipofu. Ni jina la ukoo, hakuna aliyemtazama mtoto akamwita kipofu, na hilo liandike wazi. Mapokeo: nyinyoro ya mbinguni, njia ya vipofu, na nyinginezo. Ona hiyo ya pili. *Caecus* walikuwa wameshaliona. Margareta na Lusia hawana ugomvi: lulu, na nuru. Katarina, asili: weka "Kigiriki, Aikaterine, wataalamu hawajaafikiana", basi. Ile "safi" inayopendwa ililetwa baadaye kwa kulifananisha na *katharos*.

Utaratibu kwa majina yatakayobaki: tafuta umbo la zamani kabisa, lugha yake, kisha ukate kwa maneno ya lugha hiyohiyo tu. Kipande kikibaki bila kazi, umekata vibaya. Usianze na umbo la Kiswahili. Asha ni Aisha, "aliye hai", hana uhusiano na kuwasha taa. Na Amina yetu inaficha majina mawili ya Kiarabu, moja "mwenye amani" na jingine "mwaminifu", kwa sababu hatuandiki urefu wa irabu.

Rejista_ya_Kale

Nyongeza ndogo kwa anayetaka kuongeza mifano ya Uingereza ya wakati wa Bokenham. Agnes lilitamkwa bila *g*, ndiyo maana linaonekana Annis au Annes, na wasiojua wanalihesabu kuwa Anne. Isabel lilianza kama umbo la Elizabeth, na makarani wa Kilatini waliweza kumwandika mwanamke mmoja kwa yote mawili. Majina haya ya kike yamezaa na majina ya ukoo: Ibbotson kutoka Isabel, Megson kutoka Margaret, Sisson kutoka Cecily.

Usidhani pia kwamba mtoto alipewa jina la mtakatifu wa siku. Mara nyingi alipewa la msimamizi wake wa ubatizo, na ndiyo sababu unakuta ndugu wawili wa tumbo moja, wote John. Bokenham mwenyewe anasema alizaliwa siku ya Mtakatifu Faith, 6 Oktoba. Vitabu vya ubatizo vya parokia usivitafute, viliamriwa mwaka 1538. Kwa karne ya 14 na 15 kuna orodha za kodi ya kichwa za 1377, 1379 na 1381, wosia, na kumbukumbu za mabaraza ya mashamba ya mabwana.

Kapu_la_Majina

Asanteni sana. Na Osbern lenyewe?

Mwanachuo_Mkongwe

La kipagani kabisa. *Os* ni mungu, wa wale miungu wa kaskazini kabla ya Ukristo. *Beorn* kwa Kiingereza cha kale ni shujaa, ingawa ndugu yake wa Skandinavia, Asbjörn, ana dubu mahali hapo. Bokenham ni mahali, Buckenham ya Norfolk, "makazi ya Bucca". Mtawa aliyetunga maisha ya masomo ya wenzake hakuwa na somo kwenye kitabu chake. Hata jina hakupenda litajwe, akihofia ndimi kali za wasomi wa Cambridge. Kwenye kazi yake nyingine, Mappula Angliae, alilificha kwenye herufi za mwanzo za sura: zipange kwa mfuatano, utalisoma.