Milioni 150 kwa miaka 20, kujenga Mukono, au kubaki wapangaji: tulinganishe gharama hadi mwisho

Mama Wawili, Najjera

Habari za jioni wanajukwaa. Naomba mnisaidie kulinganisha kwa hesabu. Mimi ni mwalimu, mume wangu yuko kwenye kampuni binafsi. Tunapanga Najjera, hapa Uganda, kwa shilingi 900,000 kwa mwezi. Tumeona nyumba ya vyumba vitatu Kira, bei milioni 190, na mkononi tuna milioni 40. Benki imekubali kutupa milioni 150 zilizobaki kwa riba ya asilimia 17, miaka 20. Ofisa wa mikopo kasema marejesho ni kama milioni 2.2 kwa mwezi na kwa mishahara yetu tunaweza.

Njia ya pili: tuna kiwanja cha futi 50 kwa 100 upande wa Mukono, hati ni ya mume wangu. Tungeweza kujenga pale. Ya tatu ni ya dada yangu, anayesema tubaki wapangaji na hizo pesa tununue hatifungani za serikali.

Ofisa ananiambia habari ya mwezi tu. Mimi nataka kujua hadi siku ya mwisho tutakuwa tumetoa kiasi gani.

Mhasibu_Jinja

Dada, umeuliza swali ambalo wengi huliuliza wakiwa wameshaweka sahihi. Tuanze na hiyo ya Kira.

Milioni 150 kwa asilimia 17, miaka 20: marejesho ni 2,200,000 kwa mwezi, hapo ofisa hajakudanganya. Zidisha kwa miezi 240, utapata milioni 528. Yaani riba peke yake ni milioni 378. Ongeza milioni 40 zenu za mwanzo, nyumba ya milioni 190 imewagharimu 568, na bado sijaweka gharama za kuandikisha.

Ila kinachouma zaidi ni mwendo wa deni lenyewe. Mwezi wa kwanza, katika ile milioni 2.2, riba inachukua 2,125,000. Kinachopunguza deni ni 75,000 tu. Mkilipa miaka mitano bila kukosa hata mwezi mmoja mtakuwa mmetoa milioni 132, na mkienda benki kuuliza salio mtaambiwa bado mnadaiwa kama milioni 143. Miaka mitano ya jasho, deni limepungua milioni 7. Hakuna aliyewaibia hapo. Riba inakokotolewa kwenye salio, na salio miaka ya mwanzo ni kubwa.

Sasa badilisha muda tu, riba iache palepale. Kwa miaka 15 marejesho ni kama 2,310,000 na jumla ni milioni 415 na nusu. Kwa miaka 10 ni kama 2,607,000, jumla milioni 313. Angalia vizuri hiyo ya 15: mnaongeza laki moja na kidogo kwa mwezi, mnaokoa zaidi ya milioni 112. Kwa riba za kwetu, miaka mitano ya mwisho ya mkopo wa miaka 20 haiwapi unafuu wowote wa maana kila mwezi, lakini inakula pesa ya kujenga nyumba nyingine.

KakaTororo

Mhasibu nakuheshimu, lakini unahesabu shilingi ya miaka 20 ijayo kama ya leo. Mishahara itapanda, bei zitapanda, ile 2.2 itakuwa pesa ndogo. Na nyumba ya Kira haitabaki milioni 190. Wazee wetu waliochukua mikopo zamani leo wana majumba.

Mhasibu_Jinja

Kaka, hoja yako ina uzito, nisingeipuuza. Lakini pima ukubwa wake. Benki Kuu inalenga mfumuko wa bei wa asilimia 5, na mwaka 2024 ulikuwa chini ya hapo. Riba ni 17. Shilingi inapungua nguvu polepole sana kuliko deni linavyozaa. Ingekuwa mfumuko ni asilimia 15 ningekuunga mkono mara moja.

Tena hiyo 17 huenda haijafungwa. Dada, soma mkataba uone kama riba inapanda na kushuka na riba ya Benki Kuu. Juni 2021 riba ya Benki Kuu ilikuwa asilimia 6.5. Oktoba 2022 ilikuwa 10. Wanaokumbuka 2011 wanajua ilifika 23 mwezi Novemba. Kwa mkopo wenu, riba ikitoka 17 ikafika 20 mwanzoni mwanzoni, marejesho yanaruka hadi kama 2,550,000. Na kuna jambo ambalo maofisa hawalisemi: riba ikigusa 17.6 tu na nyinyi mkaendelea na 2.2 ileile, pesa yote inaishia kwenye riba na deni halipungui hata shilingi. Mkopo wa miaka 20 umekaa ukingoni namna hiyo. Ule wa miaka 10 una nafasi ya kupumua.

MwanaBombo

Assalamu alaykum. Kwa sisi tusiotaka riba, sheria ya mabenki ilirekebishwa 2016 kuruhusu benki za Kiislamu, na benki ya kwanza ya aina hiyo ikapata leseni 2023. Murabaha ni kwamba benki inanunua nyumba kisha inakuuzia kwa bei ya juu iliyotajwa wazi, unalipa kidogo kidogo. Faida yake kwa swali la dada ni kwamba bei ya mwisho unaijua siku ya kwanza, haipandi Benki Kuu ikipandisha.

Lakini nawaambia ndugu zangu pia: kutokuwa na riba si kuwa rahisi. Chukua ile bei ya jumla, ilinganishe na hizo jumla za Mhasibu kwa muda uleule. Na uliza ukilipa mapema wanakupunguzia au unalipa faida yote. Hilo waandike, lisibaki mdomoni.

Wakili wa Mbale

Naongeza gharama ambazo hazimo kwenye ile 2.2. Kuhamisha hati kuna ushuru wa stempu asilimia 1.5 ya thamani, kwa nyumba ya milioni 190 ni 2,850,000. Kuna mthamini, wakili, ada ya kusajili rehani, ada ya benki ya kuandaa mkopo ambayo mara nyingi ni asilimia 1 hadi 2, bima ya moto na bima ya maisha ya mkopaji. Tengeni milioni kadhaa pembeni kabla ya kumkabidhi muuzaji zile 40.

Kuhusu Kira, ulizeni ardhi ni ya aina gani. Kama ni mailo (umiliki wa kudumu wa kule Buganda), nendeni mkaone kwa macho kama kuna watu wenye kibanja, yaani wakaaji wenye haki ya kuishi kwenye ardhi ya mwingine. Sheria ya Ardhi ya 1998 inawalinda wakaaji hao hata kama hati ni safi, na mwenye hati mpya anawarithi. Kama ni lisi, yaani ardhi ya kukodi kwa muda, angalieni imebaki miaka mingapi. Mwenyekiti wa LC1 (baraza la kijiji) na majirani watawaambia mambo ambayo daftari la ardhi haliwezi.

Na mjue mambo yakiharibika inakuwaje. Chini ya Sheria ya Rehani ya 2009 benki inatoa notisi ya siku 45 za kazi mlipe mlichochelewesha, kisha notisi ya kuuza ya siku 21 za kazi. Ukitaka mahakama isimamishe mnada, kanuni za 2012 zinaweza kukudai uweke asilimia 30 ya thamani ya kuuza kwa haraka au ya deni. Mtu aliyeshindwa marejesho ataitoa wapi asilimia 30? Mteja wangu mmoja alikuwa amelipa miaka sita. Nyumba ikauzwa, na baada ya deni na gharama za mnada alichorudishiwa hakikutosha kununua hata kiwanja. Ile ratiba aliyoieleza Mhasibu ndiyo iliyommaliza. Aliamini ameshalipa sehemu kubwa.

Sheria hiyohiyo inataka ridhaa ya mwenzi kabla nyumba ya ndoa haijawekwa rehani. Dada, usisaini fomu ya ridhaa ambayo hujasomewa ukaielewa.

Fundi Mukono

Mimi ni wa saruji na kokoto, nasema ninachokijua. Nyumba ya kawaida ya vyumba vitatu, paa la mabati, bila mbwembwe, ukiwa na kiwanja tayari unaweza kuihamia kwa milioni 100 ukisimamia mwenyewe na ukakubali kuanza na sakafu ya saruji bila vigae. Dari, rangi ya nje na ukuta wa fensi vinakuja baadaye.

Adui wa kujenga taratibu ni kusimama. Watu wanainua kuta hadi linta, pesa inakata, nyumba inakaa misimu miwili ya mvua. Nondo zilizochomoza juu zinaota kutu, tofali za kuchoma ambazo hazijapigwa lipu zinalika pembeni, majani yanaota ndani ya vyumba. Ukirudi unakuta mlinzi amekula pesa na mbao za fomu hazipo. Nilipelekwa Seeta kumalizia nyumba ya namna hiyo, tulibomoa mistari mitatu ya juu na kuanza upya. Kwa hiyo ukianza, jipange ufike kwenye paa kwa mkupuo mmoja.

Wengine wanaanza na mizigo (vyumba vidogo) miwili mitatu ya kupangisha mbele ya kiwanja ili ilipie nyumba kubwa. Si vibaya, ila kodi ya serikali kwenye mapato ya pango ni asilimia 12 kwa kinachozidi 2,820,000 kwa mwaka, na huruhusiwi kuondoa kwanza gharama za matengenezo. Wekeni kwenye hesabu.

AruaPark

Na mkifikiria kukopa SACCO (chama cha akiba na mikopo) badala ya benki, iangalieni sana. Waulizeni riba ni ya salio linalopungua au ni flati, yaani inahesabiwa kwenye mkopo wote wa mwanzo hadi mwisho. Mke wa kaka yangu alipewa milioni 40 kwa "asilimia moja na nusu tu kwa mwezi", miaka minne. Ilikuwa flati: riba milioni 28.8, jumla milioni 68.8. Asilimia 18 hiyohiyo ikihesabiwa kwenye salio, jumla ingekuwa kama milioni 56.4.

Mhasibu_Jinja

AruaPark asante, hiyo ni muhimu. Flati ya 1.5 kwa mwezi kwa miaka minne ni sawa na karibu asilimia 30 kwa mwaka ukiihesabu kama benki inavyohesabu. Namba ndogo kwenye tangazo, mzigo mkubwa kwenye daftari.

Sasa hatifungani za dada yako. Hana makosa. Za miaka 10 miaka ya karibuni zimetoa asilimia 15 na zaidi, na kodi ya zuio (inayokatwa kwenye riba kabla hujalipwa) kwa za miaka 10 kwenda juu ni asilimia 10 badala ya 20. Milioni 40 kwa asilimia 15 zinawaletea milioni 6 kwa mwaka, baada ya kodi 5.4. Ni 450,000 kwa mwezi, nusu ya pango lenu. Mkiweza kweli kuweka pembeni kila mwezi ile tofauti ya milioni 1.3 kati ya pango na marejesho, mnapata fedha nyingi kabla ya miaka 20. Ila pango litapanda, na nidhamu hiyo si kila familia inayo. Kila nikifikiria ada za shule za Januari naona wengi wanaichota.

Ningekuwa nyinyi ningeiacha Kira. Chukueni milioni 60 tu kujenga Mukono, juu ya zile 40. Kwa asilimia 17 miaka 10, marejesho ni 1,043,000, karibu na pango mnalolipa sasa, na jumla ni milioni 125. Mkishahama na pango likaisha, wekeni ile 2.2 ambayo mlikuwa tayari kulipa Kira. Mkianza nayo mwanzoni deni linaisha kabla ya miaka mitatu, kwa jumla ya milioni 76 hivi. Wakati wa ujenzi bado mnapanga, kwa hiyo itachelewa kidogo. Linganisha 76, au hata 125, na 528.

Sharti ni moja: mkataba useme mnaruhusiwa kulipa zaidi bila faini, na kila cha ziada kinapunguza deni la msingi, hakikai kwenye akaunti kikisubiri mwezi ujao.

KakaTororo

Hapo kwenye milioni 60 nimekubali. Lakini mtu asiye na kiwanja je? Si kila mtu ana Mukono yake.

Mhasibu_Jinja

Asiye na kiwanja na anayeitaka nyumba iliyokwisha, achukue muda mfupi kadiri mshahara unavyoruhusu, na akibanwa akachukua 20 basi aongeze kila mwezi. Kwenye mkopo huu wa milioni 150, ukiongeza laki mbili tu kila mwezi tangu mwanzo, unamaliza ndani ya mwaka wa 13 na unaokoa zaidi ya milioni 150.

Mama Wawili, Najjera

Nimesoma yote na mume wangu, tukarudia mara ya pili na kikokotoo. Ile ya miaka mitano, deni kupungua milioni 7, ndiyo iliyomnyamazisha. Kesho tunaenda benki kuomba ratiba ya marejesho iliyochapwa, ya milioni 60 miaka 10, pamoja na kifungu cha kulipa mapema. Yeye ana miaka 46 na amechangia NSSF (mfuko wa hifadhi ya jamii) zaidi ya miaka 10, kwa hiyo anaweza kuomba ile asilimia 20 ya akiba yake inayotolewa kabla ya kustaafu. Inaweza kutupunguzia mkopo zaidi.

Fundi, benki imesema pesa ya ujenzi haitoki yote pamoja. Inakuwaje?

Fundi Mukono

Inatoka kwa hatua, dada. Msingi, kuta, paa, umaliziaji. Kila hatua mkaguzi wao anakuja kuona ndipo wanaachia inayofuata, na ada yake unalipa wewe. Watataka ramani iliyopitishwa na makadirio ya gharama, kwa hiyo anzeni na ramani mapema, ofisi huchukua muda wao. Zile milioni 40 zenu zianze na msingi na kuta, pesa ya benki ije kwenye paa. Hapo riba inaanza kuhesabiwa mkiwa mmebakiza miezi michache kuhama Najjera.