Pombe ya matufaha imeacha kutoa mapovu: je, niitie kwenye chupa?

Swali

Habari zenu ndugu. Siku 13 zilizopita nilitia lita 5 za juisi ya matufaha isiyo na dawa ya kuhifadhi ndani ya dumu la kioo, nikaongeza hamira ya mvinyo na kufunga kwa kizibo chenye mrija wa maji. Haidromita (kifaa kinachoelea, ambacho namba yake hushuka kadiri hamira inavyokula sukari) ilisoma 1.050. Wiki ya kwanza mapovu yalitoka kwa fujo, lakini siku nne sasa mrija umetulia kabisa, na nilipofungua nilikutana na harufu ya yai viza. Leo haidromita inasoma 1.018, na ladha bado ni tamu. Ningependa kinywaji chenye gesi, kwa hiyo nimekusudia kuongeza sukari kidogo na kukifunga kwenye chupa za kioo. Je, niko sahihi?

Jibu la kwanza

Tafadhali usiifunge. Mrija kutulia si ushahidi kwamba uchachushaji umekwisha, kwa sababu kizibo kilicholegea kidogo hupitisha gesi pembeni bila wewe kuona povu hata moja, na kinyume chake juisi iliyokwisha kuchacha inaweza kutoa mapovu kwa sababu tu chumba kimepata joto. Kinachosema kweli ni haidromita, nayo inakuambia kwamba kazi imefika asilimia 4 hivi ya kileo, wakati juisi ya 1.050 kwa kawaida hushuka hadi 1.000 au chini yake, na hapo hukaribia asilimia 7.

Sasa tazama hesabu ya hatari yenyewe. Ili kupata gesi ya kawaida ndani ya chupa tunatia gramu 6 hadi 8 za sukari kwa lita. Hiyo 1.018 yako ina maana kwamba bado unayo takriban gramu 40 kwa lita, yaani zaidi ya mara tano ya kiasi hicho, hata kabla hujaongeza kijiko chako. Hamira ikiamka ndani ya chupa iliyofungwa, kioo kitapasuka. Mimi niliwahi kuokota vipande vya chupa kabatini kwa kosa dogo kuliko hili, na bado nilikipata kimoja miezi kadhaa baadaye.

Jibu la pili

Naongezea kuhusu harufu. Juisi ya matufaha ina nitrojeni kidogo, na hamira ikiikosa hutoa gesi yenye kunuka yai viza. Haimaanishi kwamba kinywaji kimeoza. Mara nyingi harufu hiyo huondoka yenyewe kadiri muda unavyopita. Je, chumba kina nyuzi ngapi usiku?

Muuliza swali

Nimepima alfajiri: 12. Sikujua kwamba kunapoa kiasi hicho.

Jibu la pili

Basi hapo ndipo penye tatizo. Lihamishie dumu mahali penye nyuzi 18 hadi 20, ulizungushe taratibu ili mashapo ya hamira yainuke, bila kulitikisa wala kulifungua, kwa kuwa hewa ikiingia sasa utawakaribisha bakteria wa siki. Na unapopima, izungushe haidromita kwa vidole ndani ya bomba, maana vipovu vinavyong'ang'ania ubavuni huiinua na kukupa kipimo cha juu kuliko kilivyo.

Muuliza swali

Nimerudi baada ya siku 11. Imeshuka hadi 1.003, harufu karibu imekwisha, na sehemu ya juu imeanza kuwa angavu. Ila utamu umepotea, nami niliupenda.

Jibu la kwanza

Subiri hadi vipimo viwili vilivyopishana kwa wiki moja vilingane, kisha uihamishie chombo kingine kwa bomba la mpira, ukiyaacha mashapo chini, ndipo utie sukari ya gesi. Tumia chupa zilizotengenezwa kwa vinywaji vyenye gesi, na moja iwe ya plastiki: ukiibonyeza ukaikuta ngumu kama jiwe, peleka zote kwenye jokofu. Kuhusu utamu, usitegemee sukari ndani ya chupa, kwani hamira itaila yote. Ongeza juisi mbichi kwenye glasi wakati wa kunywa. Wapo wanaochemsha chupa ili kuua hamira, lakini kwa anayeanza, na chupa zikiwa tayari zina gesi, mimi siwezi kumshauri mtu afanye hivyo.