Nimeshachapisha lebo za "Lady Hustler", baba mdogo anasema ni jina la wezi. Naombeni ushauri

Binti_Kirumba:
Wakuu, heshima kwenu. Nashona mikoba ya kitenge hapa Mwanza, huu mwaka wa nne. Nilianza na cherehani ya kukodi, sasa ninazo mbili zangu na binti mmoja wa kunisaidia. Nikaona nisajili jina kwa wasajili wa biashara, BRELA, niache kuitwa "yule dada wa mikoba". Nikachagua "Lady Hustler". Kichwani mwangu ni mwanamke mpambanaji, basi. Lebo 300 za kitambaa zimeshachapwa.

Jumapili baba mdogo akapita nyumbani. Ni mwalimu mstaafu wa Kiingereza. Akashika lebo, akavua miwani, akauliza, "Nani kakushauri hili jina?" Nikamwambia nimejishauri mwenyewe. Akasema kwenye kamusi yake huyo ni tapeli, na ipo maana nyingine ambayo hakuitamka kwa sababu watoto walikuwepo. Tangu siku hiyo mama ananitazama kwa jicho la pembeni.

Ningepuuza, ila kuna mteja wa Marekani alichukua mikoba sita mwaka jana, sasa anataka 40 akauze dukani kwake na anauliza jina la kuweka kwenye tangazo. Wajuvi wa lugha, hili neno limetoka wapi? Nibadilishe au baba mdogo anakuza mambo? Siasa na matusi sitaki.

Ngosha_Halisi:
Mzee kazeeka pamoja na kamusi yake. Mjini hapa kila mtu anahaso. Bodaboda anahaso, mama ntilie anahaso, hata mwenye nyumba wangu anahaso kwa kunipandishia kodi. Shona dada, achana na wazee.

Mkalimani78:
Ngosha, usimcheke mzee, kamusi yake haijakosea.

Neno asili yake ni Kiholanzi, "hutselen" au "husselen", yaani kutikisa, kuchanganya vitu kwa kuvitikisa. Waingereza walilichukua karne ya 17, na kwao lilikaa kwenye kamari mapema kabisa. Palikuwa na mchezo wa "hustle-cap": sarafu zinatiwa kwenye kofia, zinatikiswa, zinamwagwa, watu wanagombania upande uliotokea. Kutoka kutikisa sarafu likahamia kwenye kutikisa watu, kusukumana na kupigana vikumbo.

Sasa fikiria kituo cha daladala saa kumi na mbili jioni. Anayekupiga kikumbo mlangoni si lazima awe na haraka ya kupanda. Mwenzake nyuma yako tayari ana simu yako. Wezi wa Uingereza nao walifanya hivyohivyo, na kufikia 1825 mwizi wa vikumbo alikuwa anaitwa "hustler". Hiyo ndiyo kamusi ya baba mdogo.

Maana ya kuchapa kazi imechelewa sana kuja, na imekujia Marekani, miaka ya 1880. Ni mtu yuleyule wa kusukuma, safari hii anasukuma biashara, anauza, hakai chini. Kule mtu wa namna hiyo alisifiwa, kwa hiyo neno likapata heshima. Lakini heshima mpya haikufukuza tabia za zamani, vyote vilibaki nyumba moja. Na kufikia miaka ya 1920 mitaa ya huko ikaongeza maana ya tatu: mwanamke anayeuza mwili.

Hiyo ndiyo aliyoimeza mzee mbele ya watoto. Na wewe, mdogo wangu, "Hustler" peke yake ingepita. Umeitanguliza na "Lady".

Binti_Kirumba:
Mungu wangu.

DogoPool:
Kuna maana nyingine hamjaitaja, na mimi naijua kwa maumivu. Kwenye meza ya pool, "hustler" ni yule jamaa anayekuja amevaa ndala, anakosa mipira ya wazi, anakuachia ushinde elfu mbili, elfu mbili tena. Ukishajiona bingwa anasema tuweke elfu hamsini. Hapo ndala anavua. Niliwahi kurudi nyumbani kwa miguu kutoka Buhongwa.

Mswahili_Rotterdam:
Niko Uholanzi mwaka wa tisa, nathibitisha. "Husselen" ipo hai mpaka leo, utaisikia watu wakichanganya vitu kabla ya kuchagua.

Kinachonifurahisha ni hiki. Vijana wa hapa wana neno "hosselen", yaani kubangaiza, kazi hii mchana, ile usiku, mradi siku ipite. Nilidhani ni lilelile la kale. Kumbe limekuja na watu wa Suriname, nchi iliyokuwa koloni la Waholanzi, nao walilitoa kwenye Kiingereza. Kwa hiyo neno liliondoka Uholanzi likiwa linatikisa sarafu kwenye kofia, likazunguka bahari ya Atlantiki, likarudi likiwa na mishemishe. Hata waliolizaa hawakulitambua.

Kamau_wa_Thika:
Dada umesema siasa hutaki, lakini ukija kuuza Nairobi siasa itakufuata yenyewe. Hapa kwetu "hasla" lilikuwa neno la kawaida la mtu wa jua kali. Uchaguzi wa Agosti 2022 ukafika, Ruto akalifanya neno la kampeni, mahasla dhidi ya familia za wakubwa, nembo ya chama wilibaro, kauli "kazi ni kazi". Mwisho wa Novemba mwaka huo ikazinduliwa Hasla Fund, mkopo wa simu kuanzia shilingi 500 hadi 50,000. Siku hizi mtu akijiita hasla, mwenzake anamuuliza, "Umelipa ile loan?" Mkoba wako utadhaniwa umebaki kwenye mkutano wa hadhara.

Shangazi_Tabata:
Mwanangu, kwani Kiswahili kimekukosea nini? Mpambanaji lipo. Mchakarikaji lipo. Hilo la pili hata ukilitamka unamsikia mtu akihangaika.

Mkalimani78:
Shangazi, shikamoo. Nakuunga mkono, ila tusijidai kwamba yetu yamekaa palepale. "Kibarua" ni barua ndogo, kile cheti alichopewa mtu wa kazi ya kutwa. Cheti kikampa mtu jina lake, na mtu akaipa kazi. Leo mkurugenzi naye akifukuzwa tunasema kibarua kimeota nyasi.

Halafu hilo "kuhaso" la Ngosha, mimi huwa linanitia shaka. Kwa matamshi liko karibu zaidi na "hassle", ambalo ni usumbufu. Mtu anayesema "nimehaso leo kutwa" mara nyingi anamaanisha amesumbuka, na pesa hakupata.

Ngosha_Halisi:
Hapo umenipiga ikulu.

Mzee_wa_CV:
Nitoe ushuhuda. Miaka kadhaa nyuma nilikuwa kwenye usaili, msaili mmojawapo Mmarekani. Wakaniambia nijieleze. Nikasema kwa kujiamini kabisa, "I am a hustler." Kimya. Kisha yule Mmarekani akauliza kwa upole, "Unauza nini?" Wenzake wakainama kwenye makaratasi. Kazi sikupata. Sisemi ni kwa ajili ya neno hilo, lakini nyumbani sijawahi kulisema tena.

Mkalimani78:
Mzee wa CV, pole, ila tuwe wa haki: kijana wa Marekani leo anaweza kujiita hivyo kwa fahari na wenzake wakamwelewa. Neno linategemea anayelisema, na anayelisikia ana umri gani. Binti, wewe hutakuwepo dukani kumweleza mnunuzi ulimaanisha nini. Lebo ndiyo itakayosema.

Na kabla hujalipa chochote, andika hilo jina kwenye Google, watoto wakiwa wamelala. Kuna jarida la picha za uchi la Marekani linaloitwa "Hustler", limekuwepo tangu 1974, na lina maduka pia. Mteja wako huenda asikuambie kitu. Ataagiza mikoba 40 kwa mtu mwingine, na wewe utabaki kujiuliza kama ni rangi za kitenge.

Shangazi_Tabata:
Marahaba Mkalimani. Binti umesikia.

Binti_Kirumba:
Nimerudi wakuu. Google nimeangalia. Nimefunga simu, nimeenda kunywa maji.

BRELA bahati nzuri nilikuwa sijalipa, nilikuwa natafuta tu kama jina limechukuliwa. Kilichoniuma ni lebo. Zina mistari miwili, juu "Lady Hustler", chini "Kirumba, Mwanza". Nilitaka kuzichoma moto. Yule binti anayenisaidia akaniambia, "Dada, si tuufiche wa juu ndani ya pindo?" Tukajaribu kwenye mikoba miwili. Ukikunja lebo na kupitisha mshono juu ya herufi, linabaki "Kirumba, Mwanza" peke yake, na limekaa kama ndivyo lilivyokusudiwa. Mteja nimemtumia picha, ameuliza Kirumba ni nini. Nimemwambia ndipo zinaposhonwa. Akasema tangazo litaandikwa hivyohivyo.

Baba mdogo naye nimemtumia kwa WhatsApp. Amejibu kwa alama ya vema, kama anasahihisha daftari.

Ngosha_Halisi:
Mkoba mmoja shilingi ngapi? Na kama ipo yenye lebo haijakunjwa, niwekee moja.